Mwongozaji Kijana Miongoni mwa Fanani: Orson Welles na Kanivali ya Rio de Janeiro, 1942

Utangulizi

Mnamo mwezi Februari 1942, Orson Welles, mwongozaji filamu wa Kimarekani aliyekuwa na umri wa miaka 26, aliwasili Rio de Janeiro, uliokuwa wakati huo mji mkuu wa Brazili. Kazi iliyompeleka huko ilionekana kuwa nyepesi. Alitakiwa kupiga picha za kanivali ya mji huo ili ziwe sehemu ya filamu iliyoitwa It's All True, yaani "Yote ni Kweli". Filamu hiyo haikukamilika. Kwa muda mrefu waandishi wa historia ya sinema walieleza kushindwa huko kwa kutaja tabia ya mtu mmoja tu: kwamba Welles alikuwa mbadhirifu, mpenda starehe, na mtu asiyependa kumaliza alichokianza. Makala haya yanajadili maelezo ya namna nyingine, ambayo yalipata nguvu baada ya sehemu ya picha zenyewe kupatikana tena katika miaka ya 1980, na ambayo yamekuzwa na wataalamu kama Robert Stam na Catherine Benamou. Hoja inayotetewa hapa ni kwamba kazi ile ilivunjika pale mwongozaji alipoacha kuitazama kanivali kama mgeni aliyeketi jukwaani, akaanza kuifuata kama mwanafunzi hadi kwa watu walioiumba.

Suala hili halimhusu mwanahistoria wa sinema peke yake. Mtafiti wa fasihi simulizi anayekwenda uwandani na kinasasauti au kamera hukutana na swali lile lile: ni nani mwenye mamlaka ya kusema ngoma hii ni kitu gani, mwenye chombo au mwenye ngoma?

Mwaliko na Masharti Yake

Mwaliko wenyewe ulizaliwa na vita. Serikali ya Marekani ilihofia ushawishi wa Ujerumani na Italia katika nchi za Amerika ya Kusini, na mwaka 1940 iliunda ofisi maalumu ya kushughulikia uhusiano na nchi hizo, ikiongozwa na Nelson Rockefeller. Rockefeller alikuwa pia na hisa katika RKO, kampuni ya filamu iliyokuwa na mkataba na Welles. Ofisi hiyo iliahidi kufidia hasara ya kampuni hadi kufikia dola 300,000. Kwa upande wa Brazili, utawala wa Getúlio Vargas, uliokuwa umejipa madaraka makubwa tangu mwaka 1937 kwa jina la Estado Novo, ulikuwa na idara yake ya habari na propaganda, na idara hiyo ilitaka ulimwengu uione Rio kama mji wa kisasa, wenye furaha na unaofaa kutembelewa na watalii.

Ni dhahiri kwamba pande zote mbili zilitaka kitu kimoja: kadi ya posta yenye mwendo na rangi. Hakuna aliyemtuma kijana huyu kuuliza habari za asili ya samba.

Yeye mwenyewe hakuwa mtu mdogo katika fani yake. Citizen Kane, filamu yake ya kwanza ndefu, ilikuwa imetoka mwaka 1941. Alipopanda ndege kwenda kusini alikuwa ndiyo kwanza amemaliza kupiga picha za filamu ya pili, The Magnificent Ambersons, na uhariri wake aliuacha mikononi mwa Robert Wise. Kazi ya Brazili aliikubali bila mshahara, kama mchango wake katika vita. Kuhusu samba alijua machache mno. Hata hivyo, kabla ya safari alikuwa amekwisha kupanga kwamba filamu ya It's All True iwe na sehemu inayosimulia historia ya jazi. Kwa hiyo alifika Rio akiwa na swali kichwani, nalo ni jinsi muziki wa watu waliokuwa watumwa unavyogeuka kuwa muziki wa taifa zima. Hapana budi kulikumbuka swali hilo, kwani ndilo lililomtoa kwenye jukwaa la wageni.

Uwanja wa Praça Onze

Ili kufahamu alichokikuta, yafaa kurudi nyuma kidogo. Katika gati ya Valongo mjini Rio, ambayo sasa ni urithi wa dunia kwa mujibu wa uamuzi wa UNESCO wa mwaka 2017, inakadiriwa kwamba waliteremshwa Waafrika wapatao 900,000, tangu mwaka 1811 na kuendelea. Wengi wao walitoka Kongo na Angola, na sehemu yao ilitoka pwani ya Msumbiji. Lugha zao zilikuwa za Kibantu, na athari zake bado zinasikika. Jina samba lenyewe linahusishwa na wanaisimu wengi na neno semba la Kimbundu, linalotaja kitendo cha wachezaji kugusana vitovu. Katika jongo, ngoma ya vijijini ya kusini-mashariki ya Brazili, ngoma yenyewe huitwa angoma. Msomaji wa Kiswahili hahitaji kamusi hapo.

Baada ya utumwa kufutwa mwaka 1888, watu weusi wengi kutoka jimbo la Bahia walihamia Rio na kukaa katika mitaa iliyo karibu na bandari. Hilária Batista de Almeida, aliyejulikana kama Tia Ciata, yaani Shangazi Ciata, mwuza vitamutamu na kiongozi wa ibada, aliifungua nyumba yake kwa wapiga muziki. Watu wa mzunguko wa nyumba hiyo ndio wanaotajwa katika historia ya "Pelo Telefone", wimbo ulioandikishwa na Donga mwaka 1916, ambao kwa kawaida huhesabiwa kuwa samba ya kwanza kuvuma katika kanivali. Mwaka 1928, katika mtaa wa Estácio, likaundwa kundi la Deixa Falar. Ismael Silva, mmoja wa waasisi wake, alipenda kusimulia kwamba jina "shule ya samba" lilitokana na chuo cha walimu kilichokuwa karibu: ikiwa wale wanafunzisha walimu, na sisi pia tunafunzisha. Mwenzake, Bide, husemekana kuwa ndiye aliyetengeneza surdo, ngoma kubwa inayobeba mapigo, kwa kuwamba ngozi kwenye mkebe mkubwa wa siagi. Mashindano ya kwanza ya shule hizo yalifanyika mwaka 1932 katika uwanja wa Praça Onze, nayo yakadhaminiwa na gazeti la michezo.

Anayeyajua mashindano ya beni katika miji ya pwani ya Afrika ya Mashariki, na sare zake, vyeo vyake na uhasama wake wa heshima baina ya mtaa na mtaa, ataitambua haraka mantiki ya mambo hayo. Terence Ranger, katika kitabu chake cha mwaka 1975 kuhusu beni, alionyesha kwamba kile ambacho wakoloni wengi walikiona kuwa ni uigaji tu kilikuwa kwa hakika ni namna ya watu kujipanga na kujipa hadhi. Shule ya samba nayo ni taasisi. Ina mshika bendera, ina wazee wake, ina ukumbi wa mazoezi, ina deni na ina msiba. Anayeiona kwa siku nne za kanivali tu ameona mavuno bila kuona shamba.

Mwaka 1942 uwanja huo wa Praça Onze ulikuwa umehukumiwa. Serikali ilikuwa inabomoa mitaa ili kupitisha barabara pana iliyopewa jina la Rais Vargas, ambayo ilifunguliwa mwaka 1944. Wimbo mmojawapo uliotamba katika kanivali ya mwaka huo ulikuwa samba ya "Praça Onze", yaani maombolezo ya uwanja unaotoweka. Ulitungwa na Herivelto Martins na Grande Otelo. Basi mgeni alifika kupiga picha za furaha, akaukuta umati ukiimba msiba kwa mdundo wa kuchezeka.

Kutoka Mgeni hadi Mwanafunzi

Siku za kanivali zenyewe, zilizoishia usiku wa Jumanne tarehe 17 Februari, Welles na timu yake walizipiga kwa pupa. Kamera za Technicolor zilikuwa nzito na zilihitaji mwanga mwingi. Taa zao zilikuwa bado hazijafika, kwa hiyo zikatumika kurunzi za jeshi la Brazili, zile za kusakia ndege za adui usiku. Yafaa kusita kidogo juu ya jambo hili. Mchezaji anayemulikwa ghafla kwa mwanga wa namna ile hawezi kuendelea kucheza kana kwamba hakumulikwa. Picha zilizopatikana zilikuwa za umati, nyuso na mikono iliyoinuliwa. Hazikuonyesha nani alianzisha, nani aliitikia, wala kwa nini kundi hili lilimpisha lile.

Welles aliliona pengo hilo mwenyewe, na hapo ndipo kazi yake ilipobadilika. Kwaresima ilipoanza na mji kurudi kazini, yeye hakufungasha. Aliwaajiri waandishi na watafiti wa Kibrazili wamwandikie habari za samba, historia yake, ala zake na mitaa yake. Msaidizi wake, Robert Meltzer, alifanya kazi hiyo hiyo kwa upande wa Wamarekani. Lililo muhimu zaidi ni kwamba aliwafuata fanani wenyewe. Herivelto Martins alikuwa mtunzi na kiongozi wa kundi la waimbaji la Trio de Ouro. Alikuwa manju kwa maana kamili ya neno hilo, mtu anayejua kutunga, kukusanya watu na kuwapanga. Welles alimpa kazi ya kuwatafuta na kuwaongoza wachezaji. Grande Otelo, ambaye jina lake halisi lilikuwa Sebastião Bernardes de Souza Prata, alikuwa mchekeshaji mweusi mwenye kimo kifupi na kipaji kikubwa, aliyekuwa akitumbuiza katika kasino ya Urca. Kwa Welles akawa mwigizaji mkuu wa sehemu ya samba. Mtoto wa Herivelto, Pery, ambaye wakati huo alikuwa hajatimiza miaka mitano, naye akapewa nafasi ya mtoto aliyepotea katika vurumai ya kanivali.

Uhusiano huo ulizaa uamuzi ambao kwa mtaalamu wa fasihi simulizi ni wa kuvutia kuliko yote. Katika studio ya Cinédia, mjini Rio, uwanja wa Praça Onze ulijengwa upya kwa mbao na rangi, na wachezaji wa samba wakaitwa kuucheza tena, wiki kadhaa baada ya kanivali kwisha.

Je, kilichopigwa picha humo kilikuwa kanivali? Wapo watakaosema hapana, na hoja yao si dhaifu. Utendaji una wakati wake. Mtafiti amwombaye mwimbaji amwimbie wimbo wa msibani pasipo msiba hupata maneno na lahani, lakini haupati wimbo. Kanivali ni ruhusa ya siku chache iliyofungwa na Jumatano ya Majivu. Ukiileta ndani ya ukumbi mwezi Aprili umeivua kile kinachoifanya iwe kanivali. Lakini hoja hiyo inasahau jambo moja. Kurunzi za jeshi zilipomulika barabarani mwezi Februari, mwenye kuamua nini kionekane alikuwa mpiga picha peke yake. Ndani ya studio, kwa sababu kila kitu kilipaswa kupangwa, ilibidi wenye ngoma waulizwe. Herivelto ndiye aliyejua nani atangulie na mdundo uingie wapi, na wachezaji walikuwa wanaukumbuka uwanja ambao nje ya ukuta wa studio ulikuwa unabomolewa. Kwa maana hiyo, maonyesho ya studio yalipoteza wakati wake yakapata watunzi wake. Kati ya nyaraka hizi mbili, ile ya barabarani na ile ya studio, ya pili inastahili kuaminiwa zaidi kuhusu muundo wa samba, na ya kwanza kuhusu hamasa yake.

Ubia huo, hata hivyo, usikuzwe kupita kiasi, kama wafanyavyo baadhi ya wapenzi wa Welles. Filamu iliyopigwa ilikuwa mali ya RKO. Mjadala wa kama itahaririwa au itatupwa ulifanyika California, mahali ambapo si Herivelto wala Otelo aliyekuwa na kiti. Wala si kila mtu juu ya vilima aliipokea kamera kwa mikono miwili. Taarifa za wafanyakazi wa timu hiyo zinaeleza kwamba walipokwenda kupiga picha katika favela mojawapo walifukuzwa kwa kurushiwa mawe na chupa. Wakazi wa vibanda hivyo walikuwa na sababu zao za kutoiamini kamera iliyokuja na watu wa serikali.

Malalamiko

Kadiri Welles alivyozidi kuipandia samba hadi kwenye chimbuko lake, ndivyo barua za malalamiko zilivyozidi kwenda upande mwingine. Lynn Shores, meneja wa uzalishaji aliyetumwa na RKO, alilalamika kwa kampuni, na hata kwa idara ya propaganda ya Brazili, kwamba mwongozaji anapiga picha nyingi mno za watu weusi na za vibanda. Katika magazeti ya Rio nako zilisikika sauti za tabaka la juu zikiuliza kwa nini mgeni anaacha majumba mazuri na fukwe na kuwaonyesha walimwengu vilima vya maskini. Mshangao wa sauti hizo una kinaya chake, kwa kuwa serikali ilikuwa imekwisha kuifanya samba kuwa nembo ya taifa. Ilichotaka ni samba bila wenye samba.

Fedha nazo zilichangia, na si haki kulificha jambo hilo. Welles hakuwa na muswada kamili wa filamu, na rola za filamu ya rangi zilikuwa ghali. Lakini muswada wa kanivali ungeandikwaje na mtu ambaye hajaiona? Kampuni ilijua hivyo tangu siku ya kwanza. Wakati huo huo, tarehe 17 Machi 1942, The Magnificent Ambersons ilionyeshwa kwa majaribio mjini Pomona, na sehemu ya hadhira ikaicheka. Filamu iliyokuwa na zaidi ya dakika 130 ikakatwa hadi 88, mwenyewe akiwa mbali. George Schaefer, mkuu wa RKO aliyekuwa akimkingia kifua, aliondolewa katikati ya mwaka huo, na uongozi mpya ukaitangaza kampuni kwa kauli iliyolibeza waziwazi neno "jeniasi".

Kifo cha Jacaré

Lakini gharama kubwa kuliko zote haikulipwa kwa dola. Mwaka 1941 wavuvi wanne wa Fortaleza, katika kaskazini-mashariki ya Brazili, walisafiri kwa jangada, yaani chelezo cha magogo chenye tanga, kwa siku 61 bila dira hadi Rio, mwendo wa kilomita zipatazo 2,600. Lengo lao lilikuwa kumwomba Rais Vargas awaingize wavuvi katika haki za wafanyakazi, kama vile pensheni. Msemaji wao alikuwa Manuel Olímpio Meira, aliyejulikana kwa jina la Jacaré. Welles alivutiwa na safari hiyo, akakusudia kuiunganisha na sehemu ya samba: wavuvi waingie ghuba ya Rio mji ukiwa umo katika kanivali. Huko nako alikuwa akifuata njia ile ile, ya watu wa chini wanaodai waonekane.

Tarehe 19 Mei 1942, katika ufukwe wa Barra da Tijuca, wavuvi hao walipokuwa wakiigiza upya kuwasili kwao, wimbi lilipindua chelezo na Jacaré akazama. Mtu aliyevuka bahari kwa siku 61 ili asikilizwe alikufa katika marudio ya safari hiyo, mbele ya watengenezaji wa filamu. Hapa swali la uigizaji upya, ambalo ndani ya studio ya Cinédia lilikuwa la nadharia, liligeuka kuwa la uhai. Mwenye kamera anapomtaka mtendaji arudie tendo lake, hatari ya tendo hilo humrudia mtendaji vile vile, ilhali sababu iliyomfanya aikubali mara ya kwanza haipo tena. Welles alishutumiwa vikali nchini Brazili, na shutuma hizo haziwezi kufutwa kwa kutaja nia yake njema.

Yeye alichukulia kuikamilisha sehemu ya wavuvi kuwa deni. RKO ilikuwa imefunga mfuko. Ilimwachia watu wachache, kamera moja isiyonasa sauti na filamu isiyo ya rangi. Kwa vifaa hivyo alifanya kazi Fortaleza, miongoni mwa familia za wavuvi, hadi mwezi Julai. Mwezi huo huo wenzake wa kundi la Mercury waliamriwa kuondoka katika ofisi za kampuni.

Kilichobaki

Jambo la kwanza kubaki lilikuwa la sauti. Tarehe 15 Novemba 1942 Welles alianza mfululizo wa vipindi vya redio ulioitwa Hello Americans, na kipindi cha kwanza kilihusu Brazili. Akiwa na mwimbaji Carmen Miranda, aliwaeleza wasikilizaji wa Marekani samba ni nini na ala zake ni zipi. Aliyefika Rio bila kujua tofauti ya surdo na tarumbeta alikuwa sasa anafundisha.

Picha zenyewe zililala maghalani. Sehemu ya filamu za rangi inasemekana ilitupwa katika Bahari ya Pasifiki. Katika miaka ya 1980 makopo ya filamu yalipatikana katika bohari ya Paramount, na Richard Wilson, aliyekuwa msaidizi wa Welles huko Brazili, akaanza kuyapanga. Welles alifariki tarehe 10 Oktoba 1985. Filamu ya kumbukumbu iliyotokana na kazi hiyo ilitoka mwaka 1993, miaka miwili baada ya kifo cha Wilson mwenyewe. Ndani yake sehemu ya wavuvi inaonekana kwa urefu wa kuridhisha. Samba, iliyokuwa kiini cha safari yote, imebaki kwa vipande vifupi vya rangi.

Brazili ilikuwa imekwisha kuanza kulishughulikia suala hilo kwa namna yake. Rogério Sganzerla alitoa mwaka 1986 filamu ya Nem Tudo É Verdade, yaani "Si Yote Yaliyo Kweli", ambayo jina lake linalijibu lile la Welles kwa ukali wenye mzaha, na akairudia mada hiyo katika filamu nyingine hadi O Signo do Caos ya mwaka 2003. Katika ile ya mwaka 1986 Grande Otelo yumo, akiwa mzee, akijiwakilisha mwenyewe. Herivelto Martins alifariki mwaka 1992. Otelo alifariki tarehe 26 Novemba 1993 mara tu alipotua Paris, akiwa njiani kwenda kwenye tamasha la filamu la Nantes lililokuwa limepanga kumpa heshima.